Sauti ya Nyirasafari

Kila asubuhi Alliance alipiga mswaki uani huku akisikiliza kandambili za Nyirasafari zikiburuta njiani, kwa kuwa mguu wake mmoja ulikuwa mzito. Nyirasafari alijitwika beseni la sambaza, vile visamaki vya ziwani, na kuita kwenye kila geti: "Sambaza! Mutoke, niko ku mulango!" Alliance alikuwa wa kwanza kutoka na bakuli, na hakukosa kiganja cha nyongeza.

Likizo ilipofika, alihamia kwenye kompyuta ya kaka yake, Igor. Watoto wa mtaa walikuwa na mchezo mmoja wa kutisha walioupenda mno, basi Alliance, kama mashabiki wengine, akaunda toleo lake kwa programu ya bure ya kutengenezea michezo. Nyumba yenye giza ilikuwepo. Zimwi lilikuwepo, ila halikutisha hata kuku.

"Zimwi yako inafanana na mwalimu wa hesabu," Igor alimtania. "Inakosa sauti."

Kesho yake Alliance akajibanza nyuma ya geti na simu, akamrekodi Nyirasafari kimyakimya: mguu ukiburuta, kisha, "Mutoke, niko ku mulango." Alipoyatia ndani ya lile giza la mchezo, maneno hayo yalisisimua mwili. Mchezo ukaenda simu kwa simu, hata wabeba mizigo wa Petite Barrière, kule mpakani, wakaucheza.

Tangu hapo Nyirasafari akiita, watoto walijifungia. Wakubwa kidogo wakamfuata wakiburuta miguu. "We zimwi, leo uko ku mulango gani?" Na kwa kuwa watoto ndio hutumwa na bakuli, sambaza wakamwozea beseni zima.

Siku moja mama yake Alliance, Kabatesi, alisikia mchezo ule sebuleni, akaitambua sauti. Hakugomba. Alimshika binti yake mkono, akampeleka mpaka kwa Nyirasafari.

"Donc kumbe ni mimi unatishia nayo batoto," Nyirasafari alisema polepole. "Na sambaza yangu ulikula."

Alliance aliomba msamaha, akaufuta mchezo, akapita nyumba kwa nyumba kuwasihi wenzake waufute. Bakuli zikaanza kutoka tena.

"Kuunda mchezo si kosa," Kabatesi alimwambia. "Lakini sauti ya mtu ni mali yake. Ungemwomba kwanza, huenda angecheka na kukuitia vizuri zaidi."

Nyirasafari aliendelea kuuza, ila hakuita tena. Aligonga geti kwa kijiwe na kungoja.

"Mama Nyirasafari," Alliance alimwomba asubuhi moja, bakuli mkononi, "ita basi mara moja tu, kama zamani."

Nyirasafari akampimia sambaza bila nyongeza, akajitwika beseni, akaenda kugonga kwa jirani.