Mbuzi Waliolala Zahanati

Kila asubuhi nilikuwa nawatoa mbuzi wangu kwenye zahanati ya kijiji. Usishangae. Mawe ya kuijenga tulisomba wenyewe kwa mkokoteni. Kuta zikafika kwenye lenta, juu ya milango, zikaachwa bila paa. Mwenyekiti wa kijiji akasema tusubiri mabati. Mke wangu Kija alisubiri, akatokwa damu ya uzazi, akafia njiani tukimpeleka hospitali Bariadi. Tangu hapo viongozi siwasalimii.

Siku moja tunakaza plau ya ng'ombe, mvua zinakaribia, wakaja wanawake wawili. Mmoja ni jirani yangu Veronica. Mwingine ni Zamda, mwenye duka pale senta. Walikuwa wanapita nyumba kwa nyumba, kwa kujitolea, kuhimiza watu wakachague mwenyekiti mpya.

"Mwangaluka, Baba Sayi!"

"Mwangaluka. Kama mmeleta wali wa kampeni, wekeni hapo."

Zamda akacheka. "Wali hatuna. Mmejiandikisha?"

"Mimi nimeandikwa. Kaya yote tayari."

"Kaya yote? Kivipi?"

"Kama mgao wa mbegu za pamba. Akiandikwa mkuu wa kaya, basi."

Veronica akamtazama mwanangu Sayi, mkewe, na wadogo zake wawili. Wote watu wazima.

"Baba Sayi, ukila ugali wewe, hawa wanashiba?"

Mke wa Sayi akaficha kicheko kwa kitenge.

"Kura ni ya mtu, si ya kaya," Veronica akasema. "Aliyefika miaka kumi na minane anajiandikisha mwenyewe."

"Mimi nina kadi ya mpiga kura," Sayi akasema.

"Hiyo ni ya rais, mbunge na diwani. Kwa uchaguzi wa kijiji unajiandikisha upya, hapa hapa kitongojini. Bure. Mwisho kesho."

"Kuchagua, kuchagua! Na huyu aliyepo si alichaguliwa?"

"Na nani? Hapa kila kaya ilipeleka mzee mmoja. Ndugu zake yeye walikwenda wote, mpaka bibi yao."

Nikaweka spana chini.

Kesho yake plau ililala. Wakaenda wote wanne kujiandikisha. Veronica na Zamda wakamaliza kitongoji kizima.

Siku ya kura, mgombea mpya, Mayige, akashinda uenyekiti. Kwenye mkutano wake wa kwanza nikasimama: "Mabati yako wapi?" Akajibu mbele ya watu wote kwamba yataletwa. Kabla ya mavuno, zahanati ikaezekwa, na muuguzi akaletwa.

Mke wa Sayi amejifungulia humo, pale pale walipolala mbuzi.

Wakubwa bado siwaamini. Ndiyo maana kila mkutano wa kijiji nakaa mbele. Mbuzi nimewajengea banda.