Usiniambie Umeelewa

Kila Jumamosi, Shiku aliwatambua watu wa mtaa wa Kilimani kwa nguo zao kabla hajaona sura zao. Kulikuwa na mwenye mashati meupe yenye wino mfukoni, na kulikuwa na mwenye shuka zilizojaa manyoya ya paka. Mama yake, Njambi, alikuwa na duka la dobi chini ya jengo moja la ghorofa. Siku ambazo hakukuwa na shule, Shiku, aliyekuwa na miaka kumi na mitatu, alitoka naye nyumbani Uthiru, akaja kutenganisha nguo, kuzikunja na kupiga pasi zile nyepesi.

Jumamosi moja, dukani kulikuwa na Auntie Everlyn, mfanyakazi wa siku nyingi, na Jackton, kijana mrefu kutoka Busia aliyeanza kazi Jumatatu ya wiki hiyo, siku ya mapumziko ambayo Shiku pia alikuwapo. Kabla yake alikuwapo Kuria, na kabla ya Kuria alikuwapo Janice. Wote wawili walifukuzwa kwa kuharibu nguo.

Asubuhi hiyo Shiku aliinua kichwa kwa sababu mama yake alikuwa amenyamaza ghafla. Njambi hunyamaza mambo yakiharibika. Alikuwa amesimama dirishani ameshika koti jeusi la suti ya mteja. Mgongoni mwa koti hilo, alama ya pasi iling'aa kama sufuria iliyosuguliwa.

"Jackton, nani alikwambia upige pasi suti nyeusi juu juu, bila kuigeuza, bila kitambaa chenye unyevu?"

"Samahani, madam."

"Jumatatu sikukwambia?"

"Uliniambia."

"Nikauliza kama umeelewa. Ukasema nini?"

"Nilisema nimeelewa."

"Basi vua aproni."

Jackton akaanza kufungua kamba za aproni, polepole, kama mtu anayetumaini fundo litakataa.

"Asivue," Shiku akasema.

Everlyn aliacha kupakia nguo kwenye mashine. Njambi akageuka. "Umesemaje?"

"Nimesema asivue, Mama. Hajafundishwa."

"Nilimwambia kila kitu."

"Ulimwambia. Hukumfundisha. Ulisema pamba hivi, sufu hivi, hariri hivi, simu ikalia, ukaongea na mteja, ukarudi ukauliza kama ameelewa. Hata mimi ningesema ndiyo, tumalize."

"Mtoto ana mdomo huyu," Everlyn akasema. "Sisi tulifundishwa kwa kugombezwa, na kazi tukaijua."

"Na Kuria, Auntie? Na Janice? Wote walikuwa wajinga?" Shiku alipaza sauti. "Mimi hukunigombeza, Mama. Ulinipa foronya kuukuu, ukaweka mkono wako juu ya wangu, tukaipiga pasi pamoja mpaka nikakwambia niache nifanye mwenyewe."

Njambi akaenda kwenye ndoano nyuma ya mlango, akachukua koti lake mwenyewe, lile jeusi la kanisani.

"Haya, mwalimu. Saa kumi Jackton atalipiga pasi hili. Langu, si la mteja. Likitoka zima, Jumatatu anarudi kazini. Likiharibika, anaenda zake, na wewe humu dukani hutanifundisha tena namna ya kuishi na wafanyakazi wangu. Sawa?"

"Sawa," Shiku akajibu.

Wakaenda nyuma ya duka, penye meza ya pasi na rundo la nguo kuukuu ambazo wenyewe hawakuzirudia. Shiku alianza kwa kueleza. Alieleza habari za joto, za maji, za kugeuza nguo ndani nje. Alieleza vizuri, hata yeye mwenyewe alifurahia kujisikiliza. Jackton aliitikia kwa kichwa kila Shiku alipopumua.

"Umeelewa?"

"Nimeelewa."

Alipopewa suruali kuukuu ya sufu, Jackton aliibandika pasi juu yake na kuiacha. Harufu ya kuungua ikapanda.

"Si nimekwambia sasa hivi?" Shiku akafoka. "Unasikia kwa masikio gani?"

Everlyn alikuwa akipita na kikapu. "Tazama," akasema akicheka. "Tuna Njambi wawili siku hizi."

Maneno hayo yalimchoma Shiku kuliko pasi. Alizima pasi, akaketi juu ya kreti. Ilikuwa rahisi kumwambia mama kwamba hajui kufundisha. Kazi yenyewe ilikuwa imemshinda muda mfupi tu baada ya kuianza.

"Kaka Jackton," akasema baadaye, "niambie ukweli. Jumatatu ulishika nini?"

Jackton alitazama mlango kwanza. "Nilishika kwamba nguo ni nyingi. Kwetu tulikuwa na pasi ya makaa. Ile ikizidi moto unaiona, inatoa moshi, unaiinua. Hii yenu imenyamaza tu. Lakini nikisema sijaelewa, nitaonekana mshamba. Na kazi nimeitafuta mpaka viatu vimeisha."

"Basi hilo neno tulitupe. Usiniambie umeelewa. Nionyeshe."

Wakaanza upya. Shiku aliipiga pasi suruali moja mbele yake kimya kimya, mara moja tu. Kisha akampa Jackton pasi, akaficha mikono yake nyuma ili isimnyang'anye. Hilo ndilo lililokuwa gumu zaidi. Jackton alikosea, na Shiku akasubiri aone kosa mwenyewe. Alipoliona, akalirekebisha. Wakahamia kitambaa cha aina nyingine. Everlyn, ambaye alikuwa amesema hana muda wa michezo, aliwaletea mifuko ya nguo na kumfunga Jackton macho kwa taulo.

"Hii ni nini?" akamuuliza, akimwekea kitambaa mkononi.

"Sufu. Geuza, kitambaa chenye unyevu, joto la katikati."

"Na hii?"

"Pamba."

"Pamba ya nani? Hiyo ni nailoni. Ungeiyeyusha hapa ikabaki supu. Shika tena."

Walicheka wote watatu, na Jackton akashika tena.

Saa kumi, Njambi alikuja akakunja mikono. Jackton alilipapasa koti, akaligeuza ndani nje, akatandika kitambaa chenye unyevu. Aliinua pasi, akaishusha, akaiinua tena. Mgongo ukatoka laini, mweusi, bila kung'aa. Mikono ya koti nayo vivyo hivyo. Alipofika kwenye kola, aliipitishia kidole, akaweka pasi chini.

"Madam," akasema, "hii kola ni kitambaa kingine. Sikijui."

Kola ilikuwa ya mahameli, na katika rundo lote la nguo kuukuu hakukuwa na mahameli. Shiku hakuwa amemfundisha hicho.

Njambi alikuja mezani, akaweka mkono wake juu ya mkono wa Jackton, wakaishikilia pasi juu kidogo ya kola bila kuigusa, mvuke ukashuka.

"Mahameli haiguswi," akasema taratibu. "Inapewa mvuke tu. Ungeibandika pasi, kola ingekufa. Sasa fanya mwenyewe."

Jackton akafanya. Koti likatoka zima.

"Kuria angebandika," Njambi akasema, kana kwamba anajisemea. "Angeogopa kuniuliza." Akachukua simu. "Nampigia mwenye ile suti nimwambie kosa ni la duka, siyo la kijana. Na wewe Shiku, unaniomba msamaha?"

"Kwa sauti niliyotumia, ndiyo, Mama. Kwa niliyoyasema, hapana."

Everlyn akaguna. Njambi alitabasamu upande mmoja wa mdomo.

"Nimekubali. Lakini mnisikie wote, na mimi nijisikilize. Ukipewa kazi usiyoijua, sema hujui, hata kama unaona aibu. Kudanganya kwamba umeelewa ndiko kunakoharibu nguo. Na wewe unayefundisha, usitake kuambiwa ndiyo ili uende zako. Mpe mtu kazi aishike, simama naye, akosee penye matambara, siyo penye suti ya mtu. Kuanzia Jumatatu, hivyo ndivyo kila mgeni atakavyoanza hapa."

Akamgeukia Jackton, aliyekuwa bado amesimama wima kama askari.

"Funga aproni vizuri. Kuna mapazia ya mteja wa Loresho pale. Njoo unionyeshe utaanzia wapi."