Bilauri ya Pili ya Ami Chasib

Maji ya bilauri ya Ami Chasib yalikuwa yakipungua, ilhali hakuna aliyepata kumwona akiyanywa. Widad, mjane aliyeajiriwa kumtunza ughaibuni, mjini Dearborn, alidhani ni haya ya uzee. Hata katika majlisi ya maombolezo ya Muharamu, watu walipokunywa maji na kumsalimu Hussein, mjukuu wa Mtume aliyeuawa akiwa na kiu, Chasib aligeukia ukutani.

Kisha bilauri zikaanza kupasuka zenyewe, nyumba ikanuka baruti na matete mabichi, na adhuhuri moja, theluji ikianguka, mzee akamkaba Widad koo, akambamiza kichwa ukutani hata damu ikamwingia machoni, na kinywani mwa mzee ikatoka sauti ya kijana: "Maji! Nipe maji!"

Akaitwa Sayyid Mukhlis, mtoa majini. "Maiti harudi," akasema. "Huyu ni karini, jini aliyezaliwa pamoja na mtu, akabaki peke yake mtu alipokufa." Akamfunga mzee kitandani, akamchapa nyayo kwa fimbo hata ngozi ikachanika. "Toka, mlaaniwa!"

Sauti ikacheka. "Piga, Sayyid! Mkono mwororo kama wa bibi harusi!"

Fimbo ilipopanda tena, Widad akajitupa juu ya miguu ile. Pigo likamshukia yeye. "Basi, maulana! Utamuua, na jini abaki!" Akamshika mzee mashavu. "Ami, ni mimi, binti yako. Ulimfanya nini huyu anayedai maji?"

"Nilikuwa askari vitani, mpakani na Iran, kando ya matete," Chasib akanong'ona. "Mateka... mtoto tu. Aliniomba maji kwa jina la Hussein. Nikanywa mbele yake, yaliyobaki nikayamwaga mchangani, nikampiga risasi."

Widad akaanza kumfungua kamba.

"Una wazimu?" Sayyid akamaka. "Atakukaba tena!"

"Na anikabe."

Akamtia bilauri ya maji mkononi, akaushikilia mkono ule. Mzee akainamisha bilauri. "Kunywa, mwanangu. Amani iwe juu ya Hussein." Maji yakamiminika, wala hayakufika zuliani; hewani likasikika koo likigugumia, likigugumia, hata nusu ikaisha. Nusu nyingine Chasib akainywa mbele yao, akilia kwa sauti.

Tangu hapo mzee hulala kwa utulivu, wala hajamnyanyulia mtu mkono. Ila kila mlo hutaka bilauri mbili. Widad huziosha zote: zote huwa tupu, zote zina alama za midomo, na ya pili huwa na chembe za mchanga.