Kifua cha Ukoo Wetu

Kila jioni, kabla shemeji yake hajaingia ndani, Mama Cherehani humsimamisha mlangoni na kumpiga brashi.

"Geuka," humwambia. "Inua mikono. Mimi nashona nguo za watu hapa, sitaki mteja aondoke na vumbi lako."

Shemeji hugeuka bila ubishi. Vumbi jeupe humtoka kichwani, mabegani, hata kwenye kope. Kazi yake ni kuchonga mawe. Karakana yao hukata mawe ya ngazi, ya meza za jikoni na ya makaburi. Watoto wa nyumba ile wamempa jina la Unga, kwa sababu hurudi kama mtu aliyetumbukia kwenye gunia la unga. Jina hilo limemganda. Hata mke wake humwita hivyo siku anazokuwa na furaha naye. Siku hizo, kwa maneno ya Unga mwenyewe, ni mbili kwa mwaka.

Jioni moja Unga alicheka utani wake mwenyewe, kama kawaida yake. Kicheko kikageuka kikohozi. Alikohoa mpaka akashika ukuta.

Mama Cherehani alibaki na brashi mkononi. Kikohozi kile alikijua. Alikisikia miaka mitatu kitandani kwake. Mume wake, kaka yake Unga, alikuwa amezikwa wiki tano tu zilizopita.

"Shemeji, kikohozi hicho kimeanza lini?"

"Ah, kifua tu hicho," Unga alisema huku akifuta machozi. "Kwani hujui ukoo wetu? Babu kifua. Baba kifua. Kaka kifua. Wenzetu wanarithi mashamba, sisi tumeachiwa kifua!"

Akacheka tena. Safari hii Mama Cherehani hakucheka naye.

Kesho yake asubuhi alifunika cherehani yake na kwenda hospitali. Alikuwa anafuatilia cheti cha kifo cha mumewe. Alitaka kuandikisha nyumba kwa jina lake, na bila cheti hakuna aliyemsikiliza. Kila ofisi ilimwambia cheti bado. Mwishowe mtu mmoja akamwambia aende chumba cha kumbukumbu, mwisho wa ukumbi, mkono wa kushoto.

Kilikuwa chumba chembamba. Rafu zilifika hadi darini, zimejaa mafaili yaliyofungwa kwa kamba. Nyuma ya meza aliketi mama mmoja mwenye miwani iliyoning'inia shingoni kwa uzi. Wafanyakazi wenzake humwita Bi. Namba, na baada ya muda mfupi utaona kwa nini.

"Pole sana kwa msiba, mama," alisema Bi. Namba.

"Nimeshapoa, dada. Nimefuata cheti."

Bi. Namba alitoa fomu moja kwenye rundo. Alivaa miwani.

"Fomu ya mumeo hii hapa. Ndiyo iliyokwama. Alifia nyumbani, siyo?"

"Ndiyo."

"Na aliyejaza fomu aliuliza amekufa kwa nini. Naona hapa imeandikwa neno moja tu. Kifua. Nani alisema kifua?"

"Mimi," alisema Mama Cherehani. "Kwani uongo? Alikufa kwa kifua. Dunia nzima inajua."

"Mama, kifua si ugonjwa. Kifua ni mahali."

Mama Cherehani alihisi damu inampanda. Amezunguka ofisi tano, miguu imevimba, halafu mtu anamfundisha sehemu za mwili!

"Dada, nikuulize," alisema. "Mtu ameshakufa. Tumeshamzika. Mnataka nini kwake tena?"

Wengine wangejibu kwa ukali. Bi. Namba alivua miwani na kumvutia kiti.

"Kaa. Wewe unafanya kazi gani?"

"Nashona."

"Vifungo vyako unavipangaje?"

"Kwa rangi na kwa ukubwa. Kila aina na kopo lake."

"Na ukiokota kifungo usichokijua?"

"Natupia kwenye kopo la mchanganyiko."

"Ukitaka kujua vifungo vyeupe vimebaki vingapi, utajua?"

"Nitahesabu kopo la vyeupe."

"Na vyeupe vilivyoingia kwenye mchanganyiko?"

Mama Cherehani alianza kuhesabu kwa vidole, akaacha. Kopo lake la mchanganyiko lilikuwa kubwa kuliko mengine yote.

"Basi hapa ndipo kwenye makopo ya vifo," alisema Bi. Namba. Aliinua kitabu kinene, akakiweka mezani kwa mikono miwili. Kilikuwa kizito kuliko mtoto mchanga. "Kila kinachoua binadamu kina namba yake humu. Si hapa kwetu tu. Nchi nyingi duniani zinatumia orodha hii moja. Daktari wa mbali kabisa, ambaye lugha yake sitaielewa hata neno, akiona namba niliyoandika ataelewa amekufa mtu kwa nini."

Mama Cherehani alifunua kurasa taratibu. Herufi, namba, maneno. Herufi, namba, maneno. Ukurasa baada ya ukurasa.

"Kuumwa na mbwa?"

"Yumo."

"Kuanguka kwenye ngazi?"

"Yumo. Na aliyeanguka kwenye kiti naye yumo, mbali na wa ngazi."

"Kiti! Wewe!"

"Na aliyezama mtoni, na aliyezama kwenye beseni la kuogea. Kila mmoja na mahali pake."

Mama Cherehani aliondoa mkono juu ya kitabu. Alikuwa akidhani mtu akifa anafutwa. Kumbe kuna watu, katika vyumba vyembamba kama hiki, wanaokaa na kumuuliza kila aliyekufa: wewe umetutoka kwa njia gani? Alisikia heshima ambayo hakuitegemea. Alizungumza kwa sauti ya chini, kana kwamba kuna mtu amelala mle ndani.

"Na kifua hakimo?"

"Hakimo. Nikiandika kifua, mumeo ataingia kwenye kopo la mchanganyiko. Na kuna fomu nyingine hapa imeandikwa 'moyo ulisimama'. Mama, nani amewahi kufa moyo wake ukaendelea kwenda? Ningekubali hilo, wote ningewaandika namba moja, saa tatu asubuhi ningekuwa nimesharudi nyumbani kunywa chai."

Mama Cherehani alicheka, mara ya kwanza tangu mazishi. Halafu akalia kidogo. Bi. Namba alimwacha amalize.

"Sasa tuanze upya," alisema. "Alikohoa kwa muda gani?"

"Miaka mitatu."

"Alipimwa kifua kikuu?"

"Mara tatu. Hawakukiona."

"Kazi yake?"

"Mchonga mawe. Miaka ishirini na miwili, kwenye karakana ya makaburi."

Kalamu ya Bi. Namba ilisimama.

"Na katika ukoo, kuna mwingine aliyekohoa hivyo?"

"Wote! Ni ukoo wenye kifua. Babu yao, baba yao, mume wangu."

"Wanawake wa ukoo huo je? Shangazi zao, dada zao?"

Mama Cherehani alifikiri. Shangazi mkubwa ana miaka themanini, na anasema mpaka watu wanaomba wapumzike.

"Wao wazima."

"Na babu yao alifanya kazi gani?"

"Alichonga ma..."

Akafunga mdomo kwa kiganja. Miaka yote wameketi sebuleni wakisema ukoo, ukoo, damu, damu. Hakuna hata mmoja aliyewahi kusema jiwe.

"Mimi si daktari," Bi. Namba alisema polepole. "Siruhusiwi kutaja ugonjwa. Naruhusiwa kuuliza tu, na kumrudishia daktari fomu. Je, aliwahi kupigwa picha ya mapafu?"

Picha ilikuwepo. Lakini nusura isiwepo. Mafundi nguo wanaijua siri hii: karatasi ngumu ya picha ya hospitali hutengeneza kiolezo kizuri sana cha kola. Haikunjiki wala haichaniki. Mama Cherehani alikuwa ameshachora kola kwa chaki juu ya mapafu ya mumewe. Alishika mkasi, mkono ukakataa kukata. Akairudisha chini ya godoro.

Asubuhi iliyofuata daktari aliishika picha ile dirishani. Alikuwa kijana mwenye macho ya usingizi, lakini usingizi ulimtoka.

"Hii mistari ya chaki ni nini?"

"Kola, daktari. Nisamehe."

"Shati la nani?"

"La mwalimu mkuu."

Daktari alitabasamu, kisha akaonyesha kwa kidole. "Tazama hapa juu. Unaona madoa haya meupe, madogo madogo, pande zote mbili? Haya ni makovu. Mashine inapokata jiwe kavu hutoa vumbi laini mno. Lile linaloonekana kwenye nguo ni la juu juu. Lile baya zaidi jicho halilioni. Linaingia ndani kabisa ya pafu na halitoki. Pafu linaota kovu juu ya kovu, mpaka linakuwa gumu na haliwezi kujaza hewa. Wengi hudhani ni kifua kikuu. Na kweli vumbi hilo humfanya mtu apate kifua kikuu kwa urahisi, ndiyo maana ni lazima apimwe."

Aliuliza maswali mengine mengi, akasoma na faili la zamani. Kisha akajaza fomu mbele yake. Mama Cherehani alisoma kila neno, kwa kidole, kama alivyojifunza kwenye darasa la watu wazima. Mstari wa juu: kushindwa kupumua. Wa pili: mapafu kuwa na makovu. Wa chini kabisa: vumbi la mawe.

"Mstari upi unahesabiwa?" aliuliza.

"Wa chini," alisema Bi. Namba. "Wa juu unasema alivyokufa. Wa chini unasema yote yalianzia wapi. Huko ndiko mtu anaweza kuziba."

Akaandika namba pembeni: J, sitini na mbili.

"Kwa hiyo neno langu ndilo lililomficha," alisema Mama Cherehani.

"Ulisema ulilolijua, mama. Na hukuwa peke yako." Bi. Namba alitazama rafu zake. "Zipo fomu nyingine za kifua kutoka upande wenu. Majina siwezi kukutajia, hizo ni siri za watu. Lakini sasa najua cha kuuliza."

Mama Cherehani alienda nyumbani moja kwa moja, akamsubiri Unga mlangoni. Safari hii hakushika brashi.

"Kesho tunakwenda kupimwa mapafu, mimi na wewe."

"Wewe unaumwa?"

"Mimi nakusindikiza usitoroke."

"Shemeji, kifua ni mali ya ukoo, niachie..."

"Shangazi yako anacho?"

"Saa ngapi kesho?" Unga aliuliza. Watu walioishi naye miaka mingi wanasema hiyo ndiyo siku pekee walipomwona akikubali jambo bila utani.

Picha yake ilionyesha madoa machache. Makohozi yake yalipimwa, na kifua kikuu hakikuonekana. Daktari hakumficha kitu. Makovu yaliyopo hayafutiki, na hakuna dawa ya kuyaondoa. Lakini akiacha kuvuta vumbi sasa, ana nafasi kubwa ya kuishi miaka mingi na pumzi yake. Arudi kupimwa kila mwaka. Kaka yake alipofika hospitali kwa mara ya kwanza, nafasi hiyo ilikuwa imeshapita.

Miezi miwili baadaye mkaguzi wa afya aliingia karakanani na karatasi moja. Mashine zilizimwa. Msimamizi alikuja juu: mbona wanasumbuliwa, nani amelalamika?

"Hakuna aliyelalamika," alisema mkaguzi. Akampa karatasi.

Ilitoka chumba cha kumbukumbu cha hospitali, na haikuwa na jina hata moja. Ilikuwa na namba ya ugonjwa, na mbele yake idadi ya vifo vya wachongaji wa karakana ile kwa miaka minne. Tisa.

Msimamizi aliisoma kwa sauti. Kisha mchongaji mmoja akatazama benchi la dirishani, lililokuwa la fulani. Mwingine akatazama msumeno mkubwa. Mwingine akatazama msumari ambao bado ulikuwa na kofia ya mtu. Walihesabu kwa macho bila kusema, na wote wakafika tisa. Walikuwa wamewazika mmoja mmoja na kurudi kazini. Hawakuwahi kuwaona wamesimama pamoja. Msimamizi alivua kofia yake, akaishika kifuani.

Mwezi uleule walivuta bomba la maji. Sasa maji humwagikia msumeno wakati wote unapokata, na vumbi huwa tope kabla halijaruka. Hakuna anayefagia pakavu. Waliobaki karibu na mashine wamepewa barakoa za kuzuia vumbi, zile nene zinazobana uso, si kitambaa tu. Unga ameondolewa kwenye mashine kabisa. Huenda nyumba za wateja kupima ngazi na meza, na huko huwachosha kwa utani.

Cheti nacho kilitoka. Mama Cherehani aliandikisha nyumba, kisha akakiweka kwenye bahasha moja na ile picha yenye kola ya chaki.

Jioni ya kwanza aliporudi kutoka kwa wateja, si kwenye mashine, Unga alisimama mlangoni kwa mazoea, akageuka, akainua mikono. Mama Cherehani naye kwa mazoea akashika brashi. Akapiga bega la kulia, akapiga la kushoto, akapiga mgongo. Hakikutoka kitu. Shati lilikuwa la buluu. Hakuwahi kujua kwamba ni la buluu.

"Vipi, shemeji?" Unga aliuliza bila kugeuka. "Mbona umeacha kunipangusa?"

Mama Cherehani alitundika brashi kwenye msumari wake.

"Ingia ndani," alisema. "Kaka yako ameshakupangusa."