Hati za Marehemu Musembi

Sanduku lilikuwa wazi na kufuli halikuvunjwa. Pesa za duka zilikuwemo bado, zimefungwa kwa kitambaa. Zilizokosekana ni hati za akiba tu, zile ambazo askari wa Keya, jeshi la Mwingereza, walizinunua kwa mishahara yao wakati wa vita.

Inspekta Mutunga, aliyetumwa Mwingi kuchunguza dai la hati hizo, alipiga magoti.

"Mwizi gani huacha pesa akachukua karatasi?"

"Mwizi mjinga, afande," alijibu Nzomo, mwenye duka. "Lakini mimi si mjinga. Nimeshaenda Kitui nikaapa mbele ya ofisa kwamba zimepotea. Nataka nipewe nyingine."

"Zilikuwa na jina la nani?"

"La ndugu yangu Musembi. Alifia Burma. Hakuoa, hakuacha mtoto. Mrithi ni mimi peke yangu."

"Ndivyo ulivyoapa?"

"Neno kwa neno."

Mutunga alisogeza uso karibu na kufuli. Kulikuwa na uchafu wa manjano. Akaukwangua kwa ukucha, akaunusa. Nta ya nyuki.

"Ufunguo hukaa wapi?"

"Shingoni mwangu. Hautoki hata nikilala."

"Na ukilewa?"

Nzomo aliushika ufunguo uliokuwa shingoni.

"Nani hukamua asali hapa?"

"Kalunde!" Alilitema jina hilo. "Nilijua! Ananitazama kila siku kama fisi anayengojea mgonjwa afe."

Kalunde walimkuta nyuma ya jikoni. Alikuwa mwembamba, mikono imejaa nta mpaka viwikoni. Hakushtuka.

"Mwaitu," Mutunga alimwita, kama mtu anavyomwita mama yake, "ulichukua hati?"

"Nilichukua, usiku alipolewa. Umechelewa, afande. Nimekungoja sana."

"Umesikia?" Nzomo aliruka. "Mtie pingu!"

"Pole pole. Huyu ni nani kwako?"

"Ni mtu wa boma hili! Baba alimtolea mbuzi, akamtolea na ng'ombe. Mwaka jana alitaka kutoroka na binti yake arudi kwao, kijiji cha Wote, mahari ya mtoto ikaliwe huko! Nikampeleka kwa wazee. Nikaapa kwa kithitu, kile kiapo ambacho ukidanganya kinamaliza watu wako, kwamba mahari ililipwa yote. Wazee wakanipa haki. Haendi popote!"

"Mahari ya kumwoza kwa nani?"

Nzomo aligeuka kurudi dukani.

"Nani alimwoa, Nzomo?"

"Afande, mambo ya wazee si mambo ya ofisi."

"Mimi pia ni Mkamba. Nani alimwoa?"

"Musembi," alisema Kalunde. "Na binti ni wake. Alimbeba mara moja tu, siku aliyoondoka."

Mutunga alimgeukia Nzomo.

"Kitui umeapa hakuoa. Kwa wazee umeapa alioa. Kiapo gani ni cha uongo? Kama ni cha wazee, mama huyu na mtoto wake wako huru, na wewe unajua kithitu kitafanya nini. Kama ni cha Kitui, ni jela."

Nzomo aliwatazama watoto wake waliokuwa wakicheza mlangoni mwa duka.

"Cha Kitui," alisema kwa sauti ndogo. "Kwa kithitu sikudanganya. Musembi alikuwa kipenzi cha baba. Mimi nilibaki kuchunga ng'ombe, yeye akaimbiwa nyimbo za sifa. Hata akifa, jasho lake likaliwe na mwanamke?"

Mutunga akamuuliza Kalunde, "Kwa nini hukushtaki?"

"Nilienda kwa chifu wa lokesheni mara mbili. Nilimkuta anakunywa pombe ya asali ya Nzomo, niliyoipika mimi. Nikafikiri, Nzomo akiita polisi yeye mwenyewe, watakuja. Akidai hati, ataapa. Na nilijua ataapa nini, maana akilewa alikuwa anayakariri maneno yake kwa sauti."

"Hati ziko wapi?"

Alionyesha mzinga mkuukuu wa gogo ulioegemezwa ukutani, umechongwa alama ya marehemu.

"Mzinga wa Musembi. Nzomo amepita hapo kila siku akitafuta. Mzinga wenye alama ya mtu mwingine hakuna Mkamba atakayeutia mkono, hata yeye."

Mutunga alizitoa, zimefungwa kwa ngozi ya mbuzi, zote nzima.

"Lazima nikupeleke wewe pia, mwaitu. Hakimu ataamua."

"Nipeleke." Kalunde alijifuta mikono kwa leso, taratibu, kidole kwa kidole. "Lakini mpandishe yeye kwanza kwenye lori lenu la polisi. Na mpitishe mbele ya duka, afande. Binti yangu amesimama pale. Nataka amwone na pingu."