Nilimpeleka Mdogo Wangu Jela kwa Kuamini Tamthilia ya Kikorea

Wasomaji wenzangu, mimi ni mama wa miaka thelathini na nane, fundi cherehani hapa Somanda, Bariadi. Nikieleza hili wengine mtacheka. Chekeni tu, lakini msome mpaka mwisho.

Mimi na tamthilia za Kikorea tulikuwa chanda na pete. Nashona macho yakiwa kwenye runinga. Mwaka ule kijana wa duka la muvi alinijazia kwenye flashi tamthilia moja ya gerezani, iliyotafsiriwa Kiswahili. Jamani, ile tamthilia! Wafungwa wanagawana supu, mzee mmoja anawalea wenzake kama wanawe, askari magereza anamfunika mgonjwa blanketi… Nililia mpaka nikaharibu kitambaa cha mteja. Nikajisemea, kumbe hata jela kuna upendo!

Wakati huo mume wangu, Baba Neema, alikuwa mtumishi wa serikali, kaletwa huku kutoka mkoa mwingine. Aliponioa alitoa ng'ombe kumi na wawili. Kwetu Wasukuma, ng'ombe wa mahari ya dada ndio anaoolea kaka yake. Walikuwa zizini kwa mama, kijijini Ipililo, wakimsubiri mdogo wangu Masunga, ambaye mchumba alishampata. Masunga nilimbeba mgongoni tangu mchanga. Hajawahi kunikatalia kitu.

Siku moja mchana Baba Neema alikwenda Ipililo, akanywa, akampakia Masunga kwenye pikipiki, akamgonga mzee wa kijijini hapo aliyekuwa anavuka barabara. Mzee akafa palepale. Shahidi hakuwepo. Akanipigia simu huku analia, kwamba kazi itaota mbawa, watoto tutawalisha nini, na kwamba Masunga akikubali kuwa ndiye aliyekuwa anaendesha, watamhurumia kwa kuwa hajawahi kuwa na kesi.

Hapo ndipo nilipopaswa kusema hapana. Badala yake nikaomba apewe simu Masunga.

"Ng'ombe wako wametoka kwa shemeji yako," nilimwambia. "Msaidie. Jela siyo kama watu wanavyosema. Kuna watu wazuri, utapata marafiki."

Akasema, "Sawa, dada."

Miaka mitatu! Baba Neema aliahidi kumtafutia wakili, lakini mahakamani hata hakukanyaga. Haukupita muda akaomba uhamisho, akaondoka, akaoa huko huko, simu zangu akazizuia. Mchumba wa Masunga akaolewa kijiji cha Binza. Na mimi je? Nilikwenda kumtembelea mara moja tu… Nikamuuliza, bila hata aibu, kama amepata marafiki. Akaniuliza mama anaendeleaje.

Alitoka mwaka jana, kifua kimeharibika, jembe halishiki siku nzima. Nilimpelekea chakula, na siku hiyo ndiyo pekee aliyonisimulia habari za huko ndani.

"Tulikuwa tunalala ubavu, dada. Akigeuka mmoja, tunageuka wote. Jirani yangu alikufa, hatukujua mpaka tulipoitwa kuhesabiwa."

Nilikusanya vyombo nikarudi mjini.

Lakini kinachonimaliza ni kwamba hajamwambia mtu ukweli. Mama yetu mpaka leo anaamini mwanawe ndiye aliyemuua yule mzee. Kila Jumapili anamwombea msamaha kanisani. Ukitokea msiba kwa watu wa yule marehemu, mama anakaa pembeni peke yake, hathubutu kuingia jikoni na wanawake wenzake. Nikamwambia Masunga basi, nitasema kila kitu.

"Kifungo nimeshakimaliza," akajibu. "Sasa unataka kusema ili upone wewe."

Ndugu zangu, hasa nyie mliokuwa dada wakubwa kwenye familia, tazameni tamthilia, lieni mnavyotaka. Sizilaumu, wale wako kazini, wakimaliza kuigiza wanarudi kwao. Ila usimtume mtu wako mahali ambapo wewe mwenyewe usingekubali kulala hata siku moja. Na yule ndugu anayekutii kuliko wote, kuwa mwangalifu mno na unachomwomba, maana atakifanya!

Najua mnauliza kama mama nimeshamwambia. Bado. Mama hajui kusoma, ndiyo maana nimeweza kuyaandika haya.