Risiti Kwenye Kopo la Vipimo

Kila asubuhi nyumba ile iliamshwa na cherehani. Mama fundi alikanyaga pedeli kwa mguu wa kulia, pini mdomoni, na bado aliweza kumgombeza aliyechelewa kuamka.

Sasa ilikuwa wiki ya sita cherehani iko kimya. Lori lilimgonga fundi kwenye kivuko cha waenda kwa miguu, akitoka kununua vifungo. Mguu uleule wa kulia ulivunjika mahali pawili.

Leo wakala wa bima ya lile lori alikuwa amekaa kwenye kiti cha wateja. Viatu vinang'aa, maneno asali tupu. Alitandaza karatasi juu ya cherehani.

"Tia sahihi hapa tu, mama. Pesa unachukua sasa hivi. Nikiondoka nazo, sijui kama nitarudi."

Mume wa fundi, kibarua wa ujenzi, alizikodolea macho zile noti. Zilitosha kodi ya miezi miwili, basi.

"Mke wangu, tumalize. Tumekwama."

Fundi alianza kisomo cha watu wazima mwaka juzi tu. Alisoma polepole, na mbele ya mgeni aliona haya. Akashika kalamu.

"Hodi! Gauni langu liko tayari, au nalo limegongwa?"

Alikuwa jirani yao, karani mstaafu wa mahakama. Mtaa mzima ulimwita Bi Mhuri. Alipoiona karatasi, utani ulimwishia.

"Mwanangu, umeisoma?"

"Bado, Bi Mhuri."

"Soma mstari wa mwisho. Tutakusubiri."

Wakala alitazama saa. Fundi aliweka kidole kwenye karatasi, jasho likimtoka.

"Si-ta-da-i... kitu kingine... chochote."

"Daktari anasema mguu utapona lini?" Bi Mhuri aliuliza.

"Hajui. Huenda nikapasuliwa tena."

"Wewe unakata kitambaa kabla ya kumpima mteja?"

"Thubutu!"

"Basi na hasara yako haijapimwa. Ukitia sahihi leo, upasuaji wa pili utaulipa mwenyewe."

Hasira zilimpanda fundi. Akaweka kalamu chini. "Kijana, nenda na pesa zako."

"Mtajuta," wakala alisema, akikusanya noti. "Watu kama nyinyi hata risiti hamtunzi."

Mlango ulipofungwa, mume alishika kichwa. "Umefukuza chakula cha watoto!"

"Hajafukuza kitu, baba," Bi Mhuri alisema. "Haki yake bado ipo. Ila msichelewe, madai yana muda wake kisheria. Nendeni ofisi ya msaada wa sheria, hawatozi. Mchukue ripoti ya polisi, maelezo ya daktari na majina ya walioona ajali. Na daftari la wateja, lionyeshe alikuwa anapata kiasi gani. Haya, risiti za hospitali ziko wapi?"

Fundi alishika mdomo. "Mungu wangu! Nimezijaza vipimo!"

Ndiyo tabia yake, hatupi karatasi. Wateja walipokuja kumpa pole, aliwapima akiwa kitandani ili asiwapoteze, akaandika nyuma ya risiti na kuzitia koponi. Na kwa kawaida nguo ikiisha, karatasi yake huwashia jiko.

Mume alikimbilia kopo la vipimo, akalimwaga kitandani. Wakazihesabu moja moja. Zilikuwepo zote. Hakuna nguo hata moja iliyoshonwa, kwa hiyo hakuna karatasi iliyochomwa. Mbele dawa, plasta, picha ya mfupa. Nyuma kiuno, mabega, urefu. Fundi alilia na kucheka kwa pamoja.

Miezi ilipita, migumu kwelikweli. Fundi alipasuliwa tena. Daktari akaandika kwamba mguu ule hautakanyaga pedeli tena. Wanasheria wa ile ofisi waliyapeleka madai yote: matibabu, kipato kilichopotea na ulemavu.

Siku moja wakala alirudi na karatasi nyingine. Malipo yalizidi yale ya kwanza mara kadhaa. Akamnyooshea fundi kalamu.

"Kaa kwanza, kijana. Bado nasoma."

Alisoma kwa sauti, bila kukatakata maneno, hadi mstari wa mwisho. Ndipo akatia sahihi.

Cherehani ikafungwa mota, ya kukanyaga kidogo tu kwa mguu wa kushoto. Mlio wake ulikuwa mdogo mno. Asubuhi ya kwanza watoto hawakuusikia, wakachelewa shule, na fundi, pini mdomoni, akapata wa kugombeza.